Macho ya Ubao wa Lazaro

Jua la Oktoba lilikuwa likizama nyuma ya mnara wa mji wa Brugge wakati Machtelt alipofunga duka lake la rangi. Alitia gamba la kome mfukoni mwa aproni, akashika njia ya kwenda kwa fundi mkuu wa uchoraji, Meester Stalpaert. Wateja wengine aliwapelekea rangi zao asubuhi. Huyu alimchelewesha makusudi.

Ndani ya gamba mlikuwa na rangi nyeusi. Kiasi cha kijiko tu.

Mfereji ulinuka matumbo ya samaki. Jirani mmoja aliyekuwa akisugua sufuria ukingoni akainua kichwa.

"Machtelt! Saa hizi unampelekea nani? Kesho ni sikukuu ya Mtakatifu Luka, mlinzi wa wachoraji, na wote washalewa."

"Mmoja hajalewa. Anajichora."

"Stalpaert? Ajichore tu! Sura yenyewe kama jibini lililosahauliwa kabatini."

Jirani akacheka peke yake. Machtelt alikuwa hajacheka tangu wamzike kaka yake.

Huyo kaka aliitwa Daneel, na bila yeye hadithi hii haipo. Alitumika katika karakana ya Stalpaert mpaka ndevu zikaota mvi. Akichora manyoya ya sungura, unatamani kuyapuliza. Kila mwaka aliomba chama cha wachoraji kimpe cheo cha fundi mkuu, afungue karakana yake, kazi yake iitwe yake. Kila mwaka akaambiwa asubiri. Waliopita ni watoto wa wenyewe, vijana wanaochora farasi mwenye magoti ya mbuzi; lakini baba mtu ni mzee wa chama, basi, yamekwisha. Wewe elimu unayo, kipaji unacho, koneksheni huna. Kaa hapo uwasagie rangi. Dunia ndiyo hiyo, na wala haijaona haya mpaka leo.

Mwisho Daneel alichora ubao mzima wa madhabahu peke yake, kuanzia chokaa ya chini mpaka vanishi ya juu: Lazaro anatoka kaburini, na umati umejibana pua. Katikati ya umati akaiweka sura yake mwenyewe, kama wachoraji wafanyavyo. Watu walipousifu ule ubao, Stalpaert akasema ni kazi yake. Daneel akasema sawa, twende mbele ya wazee wa chama, kila mmoja achore, ijulikane mkono ni wa nani.

Siku hiyohiyo mlango wa mwaloni wa karakana ulifungwa kwa kishindo, mkono wa kulia wa Daneel ukiwa katikati.

Ukafunguliwa. Ukafungwa tena.

Mkono ukaoza. Kinyozi, ambaye siku hizo ndiye aliyekata viungo, akaukata kwenye kiwiko, na Daneel akafa vilevile. Wazee watatu wa chama wakakaa, wakanywa bia, wakaamua: ni uzembe wa marehemu.

Kinyozi alikuwa amemuuliza Machtelt, "Huu mkono niuzike wapi?"

"Nipe mimi," alisema Machtelt.

Sasa alibisha mlango uleule wa mwaloni. Akafunguliwa na Pauwels, fundi wa kuajiriwa aliyekaa benchi moja na Daneel miaka mingi, na ambaye siku ya baraza la wazee, alipoulizwa alichoona, alipatwa na kikohozi cha ghafla. Hakumtazama Machtelt usoni.

"Umechelewa, mwanamke!" Stalpaert alifoka kutoka ndani. "Mwanga umekwisha!"

"Nyeusi nzuri haina haraka, Meester."

"Pauwels, washa mshumaa."

"Meester… chama kimekataza kuchora kwa mshumaa."

"Kesho natawazwa mkuu wa chama; chama ni mimi. Washa, kabla sijakuwasha wewe."

Chama kina sababu ya kukataza. Moto hudanganya macho. Nyeusi ya mfupa, ile inayosagwa kutoka mifupa iliyochomwa, hupimwa mchana, kwenye dirisha la kaskazini, na hapo mchoraji hujua kama ni ya ng'ombe au ya kondoo. Nyeusi ya Machtelt, ukiiangalia mchana, ilikuwa na wekundu ndani yake, kama damu iliyovilia chini ya ukucha. Kwa mshumaa ilikuwa nyeusi tu.

Ubao wa Lazaro ulisimama kwenye fremu yake. Pale palipokuwa na sura ya Daneel sasa palikuwa na mashavu manono ya Stalpaert. Kilichobaki ni mboni. Macho yalikuwa meupe kama mayai.

Stalpaert alichovya kidole kwenye gamba, akakisugua kwenye ukucha wa dole gumba. Kisha akakilamba.

Machtelt alihesabu pumzi zake mwenyewe.

"Laini," alisema Stalpaert, akimung'unya. "Laini ajabu. Mfupa wa mnyama gani?"

"Aliyechinjwa nyumbani kwako, Meester."

"Aa! Yule kondoo wa Pasaka!" Akapasuka kicheko. "Unaona, Pauwels? Kwangu hakipotei kitu."

Akachanganya na mafuta ya kitani. Akachukua brashi nyembamba kuliko zote.

Tone la kwanza. Mboni ya kushoto.

Harufu ikaingia chumbani. Haikuwa ya mafuta. Ilikuwa tamu, nzito… Machtelt aliijua. Aliinusa mchana na usiku kando ya kitanda cha Daneel. Pauwels akajibana pua, kama wale watu wa ubaoni.

"Sogeza mshumaa," alisema Stalpaert.

"Uko karibu, Meester."

"Usogeze, nimesema!"

Tone la pili. Mboni ya kulia.

Brashi ikaanguka sakafuni.

"Pauwels," Stalpaert alinong'ona. "Nani kauzima mshumaa?"

Mshumaa ulikuwa unawaka.

Ulikuwa karibu na uso wake kiasi kwamba nyusi zilianza kuungua, na yeye hakukwepa. Aligeuka huku na huku akipapasa hewa. Macho yake hayakuwa na mboni tena. Yalikuwa meupe matupu.

Na yale ya ubaoni… yakapepesa.

Rangi ya mashavu ikaanza kuteleza, polepole, kama mafuta kwenye ukuta wa jiko. Chini yake ikatokea pua nyembamba. Kisha ndevu zenye mvi.

"Kaka," alinong'ona Machtelt.

Stalpaert alikuwa amepiga magoti, analia kama mtoto aliyepotea sokoni. Machtelt akamwinamia sikioni.

"Ule mlisema ni uzembe wake. Na huu ni uzembe wa nani?"

Akatoka. Usiku ule alikula mkate na siagi nyingi, akalala bila kuota.

Kesho yake ubao ulibebwa kwenye kanisa dogo la chama, maana Pauwels alikunywa mpaka akaanguka na hakumwambia mtu. Walipofungua mabawa yake, zile mbao za pembeni zinazoufunika, watu walishangaa kumwona Daneel amerudi kwenye umati, mkono wake wa kulia mzima, umeshika brashi. Wengine walisema Stalpaert kapata kiharusi kwa uchu wa cheo. Kuna waliosema rangi mbichi iliyolazwa juu ya kavu haishiki. Maelezo hayakukosekana. Ila hakuna aliyethubutu kuugusa.

Kisha kwenye umati ikaongezeka sura moja. Mzee wa chama, wa kwanza kati ya wale watatu. Asubuhi alikuwa mistari mitupu, hana mboni. Jioni mboni zimetiwa, na nyumbani kwake mke wake anapiga mayowe: mumewe haoni.

Akafuata wa pili, na wa tatu baada yake. Kila habari ilipofika dukani, Machtelt aliendelea kusaga, ila jiwe lilizunguka kwa raha zaidi. Wateja walianza kumwamkia kwa heshima mno. Wengine waliacha kuja.

Ndipo akaja Pauwels. Alikuwa anapapasa meza.

"Dada Machtelt. Mwambie kaka yako atosheke."

"Mwambie mwenyewe. Si mlikaa benchi moja?"

"Nimemwambia. Nimemlilia."

"Akasemaje?"

"Nimeamka naona ukungu." Akaushika ukingo wa meza. "Lakini sikuja kwa ajili yangu. Yangu nayajua, nilinyamaza. Kabla giza halijanifunga niliona… leo asubuhi kaanza kumchora mwingine. Si mzee wa chama."

"Ni nani?"

"Ni mwanamke, dada."

Jiwe likasimama.

Machtelt aliingia kanisani mchana, mwanga bado mzuri. Hakukuwa na mtu. Alisogea mpaka akaona. Nyuma ya bega la Daneel palikuwa pamekwanguliwa, chokaa iko wazi, na juu yake mistari myembamba: kidevu chake, mdomo wake uliobanwa, kilemba chake. Macho hayakuwapo.

"Mimi?" alisema. "Mimi nimekukosea nini?"

Daneel alimtazama. Harufu iliyokuja haikuwa ile ya kidonda. Ilikuwa ya mfupa unaoungua ndani ya chungu kilichozibwa kwa udongo. Harufu ya nyumbani kwake, siku ile aliyoutia mkono motoni, akausaga kutwa nzima juu ya jiwe, hasira ikimpa nguvu, wala hakusimama hata mara moja kumwuliza mwenye mkono kama anataka.

Mlango ulikuwa wazi nyuma yake. Angeweza kukimbia mpaka Antwerp, mpaka baharini. Lakini wale wazee watatu hawakuwa kanisani walipopofuka.

Machtelt alivuta kiti, akakaa mahali mwanga wa dirisha unapoangukia vizuri. Akavua kilemba, nywele zikamwagika mabegani. Akageuza uso kidogo, upande wake mzuri, kama alivyokuwa akimkalia zamani walipokuwa hawana cha kumlipa mtu wa kuchorwa.

"Haya," alisema. "Nichore vizuri basi. Usinifanyie za Stalpaert."

Ndani ya kimya cha kanisa, brashi ikaanza kukwaruza ubao.