Shimo Lililochacha

Haya, sogea nikutegee. Nina vibarua wasioonekana. Hawana mdomo wala meno, lakini wanalishwa. Wanafanya kazi gizani, na ukiwafungulia dirisha unawaua. Wakila kwa kiasi, wanakupikia. Wakivimbiwa, unalala njaa. Ni nani hao?

Usiseme mchwa. Ukisema mchwa, nipe mji. Nitautawala huku nikikusimulia habari za nyumba moja, na jibu utalikuta humo humo.

Katika nyumba hiyo aliishi mwoka mikate. Jina lake watu walishalisahau. Wote walimwita Mama Mikate. Mume wake alikuwa seremala. Pamoja nao aliishi mama yake seremala, bibi mwenye ulimi mkali na kifua kibovu. Nyuma ya nyumba palikuwa na banda la ng'ombe wawili. Kando ya banda palikuwa na shimo la gesi, limejengwa kwa matofali na kufunikwa vizuri.

Kila asubuhi Mama Mikate alichanganya ndoo ya kinyesi cha ng'ombe na ndoo ya maji, akamimina shimoni. Gesi ilipita kwenye bomba mpaka jikoni. Alipika na kuoka, na sufuria zake hazikujua masizi.

Shimo hilo lilichimbwa kwa ajili ya bibi. Moshi wa kuni ulikuwa umemla kifua miaka mingi. Mganga wa zahanati alimwambia seremala bila kumung'unya maneno: "Mama yako akirudi kwenye moshi, mtamzika."

Basi asubuhi moja ya baridi kali, Mama Mikate aliwasha jiko. Moto ukaruka ruka kidogo, ukazimika. Akawasha tena. Ukazimika tena.

"Shimo lina njaa," alisema.

"Umejuaje?" aliuliza seremala.

"Kwani mimi sijui kitu kinachoumuka? Donge likigoma, unaliongezea hamira na sukari. Na hili ni hivyo hivyo."

Akachukua mikate iliyolala, mabaki ya donge, na unga uliofagiwa mezani. Akavimimina vyote shimoni, ndoo baada ya ndoo. Seremala naye hakutaka kubaki nyuma. Kila jioni alifungua mfuniko na kukoroga kwa ubao mrefu.

"Lipate hewa," alisema. "Mgonjwa hafungiwi madirisha."

Wenyewe waliona wanatibu. Lakini gesi ilizidi kupungua. Harufu kali ikatanda uani, harufu ya uji uliosahauliwa. Mwishowe jiko halikuwaka kabisa, na kuni zikarudi.

Mama Mikate aliukoka moto mbali, karibu na ua. Upepo ukageuka. Moshi ukaingia ndani, na bibi akaanza kukohoa. Alikohoa mpaka akakaa chini sakafuni, akishika ukuta. Mama Mikate aliumwagia moto maji, akakimbia kumpepea.

Bibi alipopata pumzi, alianza kukunja nguo zake.

"Mpigieni simu mwanangu mkubwa," alisema. "Kwake wanapikia umeme. Aje anichukue."

"Kwa kaka?" alisema seremala. "Mama, kule unashinda peke yako, mlango umefungwa. Ulisema mwenyewe unazungumza na kuta."

"Kuta hazitoi moshi."

Mama Mikate alikaa kando yake. "Mama, shimo likipona, bado utaondoka?"

Bibi aliendelea kukunja nguo. 

Nje, seremala alishika koleo. "Tulifukie tu, mke wangu. Nitapanda mboga hapo."

"Kafukie misumari yako!" alisema Mama Mikate. "Shimo langu uliache. Mama hatoki nyumba hii kwa sababu ya kitu nisichokielewa. Kwanza nikielewe."

Akajifunga vizuri, akaenda kumwita daktari wa mifugo, mwanamke kijana aliyesimamia pia mashimo ya gesi ya wafugaji.

"Shikamoo bibi," alisema daktari alipofika.

"Marahaba. Makubwa! Daktari wa ng'ombe amekuja kutibu shimo. Utalipima homa?"

"Nitalipima, bibi," alicheka daktari.

Kwanza aliwaambia wote wasiwashe hata kiberiti karibu na shimo, na kamwe mtu asiingie ndani yake, kwa sababu gesi huweza kuwaka na pia huweza kumwangusha mtu. Kisha akachovya karatasi ndogo ya kupimia uchachu kwenye tope lililotoka shimoni. Karatasi ikageuka rangi.

"Limechacha," alisema. "Mnalilisha nini?"

Mama Mikate akaeleza. Seremala akaeleza habari za ubao na mfuniko. Daktari akatikisa kichwa.

"Mama, nikuulize jambo la kazi yako. Wakandaji wakikanda upesi kuliko tanuri linavyooka, inakuwaje?"

"Madonge yanarundikana. Yanachacha."

"Basi ndivyo ilivyokuwa humu. Shimoni mna viumbe wadogo wasioonekana kwa macho. Wako wa aina mbili. Wakandaji ni bakteria. Wao wana haraka. Wanakimega chakula na kukigeuza kuwa kitu kichachu. Waokaji wanaitwa arkea. Wao wanachukua kazi ya bakteria na kuimalizia, ndipo wanatoa gesi inayowaka. Lakini arkea ni wa polepole, na baridi huwapunguza mwendo zaidi; ndipo moto wenu ulipoanza kufifia. Ukimwaga unga na mikate, bakteria wanafanya sherehe. Uchachu unajaa, arkea wanazidiwa."

Mama Mikate alishika kiuno. "Kumbe nimewavimbisha."

"Na mimi je?" aliuliza seremala. "Hewa nayo ina kosa gani?"

"Arkea hawa wa gesi hawaiwezi hewa yetu. Oksijeni tunayovuta sisi, kwao ni sumu."

Haya, umewajua vibarua wangu? Chukua mji wako, tuendelee.

"Lakini redioni wanasema viumbe wadogo hao ni bakteria," alisema seremala.

"Hata wataalamu walidhani hivyo zamani. Ukiwatazama kwa darubini wanafanana. Walipowachunguza ndani, wakakuta arkea ni ukoo wao wenyewe. Ngozi yao imejengwa kwa mafuta ya namna nyingine. Tena hajathibitika arkea hata mmoja kuwa ndiye anayeleta ugonjwa kwa watu."

Bibi alikuwa amesogeza kiti chake karibu. "Ukoo huo umetoka wapi?"

"Mbali sana, bibi. Kabla ya miti, kabla ya samaki. Wakati huo hewa ya dunia haikuwa na oksijeni, na arkea walikuwapo. Oksijeni ilipoongezeka, wengi wao walibaki mahali isipofika: ndani ya tope, chini ya bahari. Ng'ombe walipokuja, wengine wakapata makao tumboni mwao. Ndiyo maana kinyesi cha ng'ombe kinaanzisha shimo. Wengine wa ukoo huo wanaishi kwenye chemchemi za maji yanayochemka, au kwenye maji ya chumvi kali. Tena wataalamu wanaona kuwa mmoja wa ukoo huo alimpokea bakteria ndani yake. Wakazoeana, wasiachane. Kutoka kwao zikatokea chembe kama hizi za miili yetu."

"Kwa hiyo mimi nina undugu na kilichomo kinyesini?"

"Undugu wa mbali sana, bibi."

"Afadhali. Wa karibu wananitosha."

Wote wakacheka, hata seremala.

"Sasa tufanyeje?" aliuliza Mama Mikate. "Niambie nifanye, nifanye."

"Lililo gumu zaidi ni kuacha. Usilishe kitu kwanza. Mfuniko usifunguliwe. Koroga chokaa kidogo kwenye maji, umimine taratibu ili kupunguza uchachu. Kachukue tope la shimo linalofanya kazi, ulitie humu, upate arkea wenye nguvu. Karatasi ikionyesha limetulia, anza tena na kinyesi na maji tu, kidogo kidogo."

Mama Mikate alikwenda na mkokoteni kwa mfugaji wa mtaa wa pili, akarudi na madebe ya tope, akiwa amerukiwa mpaka usoni.

"Mke wangu, unanuka," alisema seremala.

"Nanuka gesi. Sukuma!"

Seremala akasukuma. Kisha akauziba mfuniko kwa udongo wa mfinyanzi kama alivyofundishwa, na ule ubao wake mrefu akaugeuza rafu.

Kungoja ndiko kulimsumbua Mama Mikate. Kila aliposhika mkate uliolala, mkono ulimwasha kuutupa shimoni. Aliupeleka kwa kuku. Ndani ya ua wake hakuwasha ukuni hata mmoja. Alfajiri alibeba madonge kichwani mpaka tanuri la jirani, akarudi na mikate, na chakula cha bibi akakipikia huko huko. Majirani walimtania: "Mama Mikate, umehamishwa jikoni na kinyesi?" Naye alijibu, "Kitanirudisha hicho hicho."

Gesi ilipoanza kuja, haikuwaka, maana ilikuwa bado ya wakandaji. Seremala alikata tamaa. Mama Mikate akalipima shimo kwa karatasi alizoachiwa na daktari. Uchachu ulikuwa umepungua. Akaongeza kinyesi kidogo na maji, akangoja tena.

Kisha kaka mkubwa akampigia seremala simu. Gari lilikuwa tayari, lingekuja kesho yake kumchukua mama.  Mama Mikate alikwenda jikoni, akapiga kiberiti, akafungua bomba.

Moto ukasimama. Wa buluu, mtulivu, umezunguka jiko lote. Hakuna moshi. Akaweka sufuria ya maji na kusubiri, kwa hofu kwamba utazimika. Maji yakachemka.

Bibi alikuwa mlangoni. Tangu moshi urudi, hakuwa amevuka kizingiti cha jiko. Sasa aliingia, akavuta pumzi ndefu, akavuta nyingine. Hakukohoa. Akanyoosha mkono kwa seremala aliyekuwa bado na simu sikioni.

"Lete nizungumze naye. Mwanangu, hilo gari likabebe watu wenye safari."

Akakata simu, akamgeukia mkwewe.

"Uliniuliza kama nitaondoka. Siondoki. Lakini mikate yako ya siku hizi ina chumvi nyingi. Kesho nakanda mimi."