Mabonde Mawili Yaliyomhamisha Mama Yangu

Nina miaka thelathini na sita, mama wa watoto watatu, mkazi wa Katoyi hapa Goma. Mnisamehe nikiandika kwa uchungu... Aliyenisaliti nililala naye kitanda kimoja.

Mama yangu mzazi alikimbia vita kwetu Masisi akiwa na kitenge kimoja na sufuria. Mimi nilikuwa nimeuza maharage miaka mingi, nikanunua kiwanja kidogo mtaa wa Ndosho, hapa hapa mjini, nikamjengea nyumba ya mbao. Siku aliyoingia alisema hatakimbia tena. Maneno hayo niliyarudia kwa kila jirani.

Mume wangu, Papa Aline, alikuwa mwalimu. Vita vilipofunga shule yake, akaanza biashara ya dhahabu kwenye simu. Si ile ya machimboni! Unatazama mchoro wa bei na kukisia: ukikisia vizuri unapata, ukikosea unapoteza.

Alinifundisha na mimi, jikoni, akichora ukutani kwa kipande cha makaa. Mchoro alioupenda zaidi ni mabonde mawili. Bei inashuka, inainuka kidogo, inashuka tena hadi palepale. Ikikataa kwenda chini zaidi, huenda ikageuka na kupanda. Lakini usiingie mpaka ivuke mstari wa shingo, yaani kile kilele kilicho katikati ya mabonde. Kabla ya hapo ni sura tu, aliniambia, si ahadi.

Nilishika haraka, hata akanisifu mbele ya wageni. Nilimpenda upya siku zile... Mjinga mimi!

Jumapili moja tulipotoka misa alinionyesha simu.

"Mama Aline, angalia. Mabonde mbili, na shingo imeshavunjika. Tuuzishe Ndosho. Kisha miezi mbili tutanunua ya Himbi."

Himbi! Mimi, muuza maharage, nikae karibu na ziwa na wakubwa? Tamaa ilinishika, sikatai. Niliukagua mchoro kama alivyonifundisha, na kila kitu kilikuwa mahali pake. Niliuliza mama atakaa wapi, akasema kwetu, kwa muda mfupi tu. Karatasi ya kiwanja ilikuwa na jina langu, nikaweka sahihi kwa mkono wangu. Mama sikumuuliza. Nilimwambia tu afunge vitu.

Wiki ya tatu baada ya kuuza nilichukua simu ya mume wangu nione faida. Ule mchoro wa Jumapili alikuwa ameuhifadhi kama picha. Nikasoma tarehe zilizo chini yake... Ulikuwa mchoro wa mwaka uliopita! Nikafungua ule wa kweli. Shingo haikuwa imeguswa hata siku moja. Bonde la pili lilikuwa limebomoka, bei imeteremka, na pesa zote za kiwanja zimekwisha.

Nilimwita, nikamwekea simu mbele yake.

"Weye mwenyewe ulinifundisha mutu asiingie mupaka shingo ivunjike."

Hakupandisha sauti. "Nilijua utaangalia shingo. Ndiyo maana nilitafuta yenye ilivunjika."

Ndugu wasomaji, mmewahi kupigwa kwa fimbo mliyoikata wenyewe? Kumbe alikuwa ameshapoteza pesa za karo na za chakula, na kiwanja cha mama kilikuwa cha kufukia shimo. Elimu aliyonipa ndiyo aliyonidanganyia.

Mama alisikia yote akiwa chumba cha pili. Alitoka na sufuria yake, akasema anakwenda kambini kwa watu wa Masisi. Nilimshika mkono nikimsihi abaki.

"Ile mara ya kwanza nilikimbiaka batu benye sikujua," aliniambia, akimaanisha wale wa vita, watu asiowajua, akautoa mkono wake taratibu.

Leo anaishi chini ya turubai. Nikimpelekea maharage anapokea, ananishukuru kama mgeni, na hilo linaniumiza kuliko matusi. Mume wangu bado tunakaa naye kwa ajili ya watoto, lakini imani imekwisha.

Wenzangu, jifunzeni michoro mkitaka, si dhambi. Lakini mchoro husimulia yaliyopita, na mwenye haja atakuchagulia hadithi unayotaka kuisikia. Tazameni tarehe. Fungueni wenyewe, kwa mikono yenu, hata kama anayewaonyesha ni mume wa ndoa.

Na nyumba ya mtu aliyekwisha kukimbia vita, tafadhali, msiiuze kabla hamjamuuliza. Mimi nilikuwa na nafasi ya kuuliza, tena siku niliyoweka sahihi alikuwa ameketi mlangoni pake akichambua maharage yangu.