Kimya Nyuma ya Kamera

Siku walipokutana, msusi alikuwa anakatiza soko lililofurika watu, kabeba mfuko wa shanga za nywele. Kijana mmoja mrefu alikuwa anatembea huku akirekodi viatu vyake mwenyewe. Wakagongana pu! Shanga zikatawanyika hadi chini ya meza za nyanya.

"Wewe! Huna macho?"

"Ninayo matatu," alisema, akainua kamera. "Samahani, mrembo. Natengeneza filamu ya maisha yangu ya kila siku. Na wewe sasa umo."

Msusi alitaka kumtukana, akajikuta anacheka. Mapenzi hayabishi hodi.

Basi akaingia kwenye filamu: akipiga pasi gauni lake la zambarau, akisuka kwenye saluni ya shangazi yake, hata akipiga mswaki. Macho, ndivyo alivyomwita kijana wake, alikuwa na sharti moja tu. Kamera ikiwaka, yeye mwenyewe hatamki neno, asije akaharibu ukweli. Mwanzoni lilimchekesha msusi, baadaye likaanza kumkera kama kokoto kwenye kiatu.

Jumapili moja dada yake msusi alipiga simu. Amefungua saluni mji mwingine, anataka mdogo wake akaisimamie. Msusi aligeuka. Macho kasimama mlangoni, anarekodi.

"Umesikia. Niende au nibaki?"

Kimya.

"Mpenzi, nakuuliza wewe!"

Kamera ikamsogelea usoni. Machozi yakamtoka, nayo yakarekodiwa. Akabeba mkoba wake, akaondoka bila kuaga.

Simu za Macho hakuzipokea, ingawa kila moja ilipolia alikurupuka. Akafungasha, akafungua, akafungasha tena.

"Mwanangu, unazunguka kama pia," shangazi alisema. "Si umpokelee?"

"Shangazi, nilimuuliza mtu, nikajibiwa na mashine."

Ilibaki siku moja tu kabla ya safari. Macho akaingia saluni, shati limekunjamana, ndevu zimemjaa. Wateja wakageuka kumtazama. Msusi akaendelea kusuka.

"Nimeitazama ile Jumapili," Macho alisema. "Wewe unalia, mimi nimeshika kamera vizuri, hata haitikisiki. Nimejiona mpumbavu. Nilidhani nikisema neno nitaharibu ukweli."

"Na ukweli wenyewe ni upi?"

"Nakupenda. Usiende. Na kama lazima uende, nitafungasha na mimi, nikuoe hukohuko."

Mteja aliyekuwa anasukwa akapiga kigelegele. Shangazi akamkanya, mambo bado.

Msusi aliutazama mfuko wa kamera uliokuwa begani mwa Macho. "Hiyo imewashwa?"

"Nimeizima, naapa. Leo nimekuja mwenyewe."

"Basi iwashe," akasema, akijifuta macho kwa mgongo wa mkono. "Mpe shangazi aishike, wewe usimame hapa karibu yangu. Halafu urudie neno kwa neno. Sitaki kesho uje kukana."