Nusu ya Pete ya Diwani

Saa kumi jioni, na kiza cha Desemba kimeshashuka Birmingham. Jokha alitoka kwake Aston mbiombio kwenda Hockley kwa sonara. Jumamosi mwanawe wa pekee, Mwinjuma, anaoa, na Jokha kaapa hataoa kama mtoto wa mtu hivihivi tu. Ataoa na pete ya Udiwani kidoleni, wakwe wanaojishaua wafunge midomo.

Sasa huo Udiwani, jamani, ulishakufa zamani. Kilikuwa cheo cha kurithi cha ukoo wa marehemu mumewe, watawala wa Kwale Mchanga, kule pwani. Mbele yao hakuna aliyevaa viatu. Lakini kila aliyevishwa pete ile hakumaliza siku arubaini. Sita walikufa wakifuatana, vijana watano na wa mwisho mzee. Wazee wakachoka kuzika. Wakaikata pete vipande viwili: nusu wakamzika nayo Diwani wa mwisho, nusu wakawapa wanawake waitunze, asitokee tena wa kuivaa. Cheo kikaishia hapo.

Mama mkwe wake alimkabidhi Jokha nusu hiyo kwa kiapo. Jokha akala kiapo. Halafu, kiburi hicho! Akampelekea sonara amtengenezee nusu nyingine. Mzimu gani, alijiambia, utakaopata viza ya kuja huku?

Sonara, Jagjit, Singasinga mzaliwa wa Kisumu, alikuwa anafunga karakana. Ndani kulinuka kafuri... na udongo mbichi.

"Dada Jokha! Mbona umejisumbua? Mzee wenu ameshaichukua."

"Mzee gani?"

"Si yule aliyeleta nusu ya pili? Wewe uliniambia nitengeneze mpya, asubuhi yeye kaja nayo ile ya zamani. Nikaziunga tu. Zimeshikana kabisa, hata alama haionekani."

Jokha akashika meza.

"Yukoje?"

Jagjit akapunguza sauti. "Mzee sana. Kajifunga shuka nyeupe, miguu mitupu, baridi yote hii! Na kitambaa kimemzunguka kutoka kidevuni mpaka utosini. Nikadhani anaumwa jino."

Yallah!

Kitambaa cha namna ile Jokha alikijua. Alimfunga kama hicho marehemu mumewe, taya lisining'inie, kabla watu hawajaja kumwosha.

"Alisema atamvisha bwana harusi yeye mwenyewe, kwa mkono wake," Jagjit akaongeza.

Simu. Akampigia Mwinjuma. Ikaita... ikaita...

"Mum, relax," Mwinjuma akanong'ona. "Babu yuko hapa. You never told me ni mrefu hivi."

"Usiivae! Mwanangu, nakuomba, usiivae!"

"Nimeshavaa. It's beautiful."

"Ivue!"

Jokha alisikia pumzi kwenye simu. Za watu wawili.

"Haitoki, Mum."

Alipofika nyumbani hakumkuta mzee. Kwenye zulia palikuwa na nyayo za udongo, za kuingia tu. Za kutoka hazikuwepo.

Hospitali walijaribu kuikata pete, misumeno ikavunjika. Mashehe wakasoma mpaka sauti zikawakauka. Harusi ikafungwa vilevile, maana Mwinjuma hakutaka kusikia habari za kuahirisha. Leo ni siku ya thelathini na nane. Hali, halali, amebaki mifupa, na madaktari hawaoni ugonjwa. Jokha anamlisha uji kwa kijiko huku analia na kujilaani. Ni mimi, anasema, ni mimi niliyemuua mwanangu.

Magharibi ya leo mkaza mwana wake, Safiya, alimvuta jikoni. Uso unamng'aa, maskini.

"Mama, usilie. Nina mimba."

Jokha alitaka kumkumbatia. Mikono ikakataa kuinuka.

"Ni mtoto wa kiume," Safiya akanong'ona.

"Umejuaje? Hata miezi miwili hujafika!"

"Babu kaniambia. Sasa hivi, yuko chumbani kwetu." Safiya akashika tumbo lake, akatabasamu. "Anasema atamngoja."