Kikombe cha Bluu Kizingitini

Alasiri hiyo mji wa Baraka, kando ya ziwa, ulikuwa na kelele zake za kawaida: pikipiki, wauza ndagala, wale dagaa wa ziwani, na jenereta ya Casimir iliyoendesha ukumbi wake wa video. Vijana walikuwa wamemaliza kutazama filamu ya vita. Arlette alielekeza kamera kwenye nyuso zao, si kwenye skrini. Alikuwa akitengeneza filamu kuhusu picha za mauaji na jinsi zinavyowageuza vijana.

Kisha akawafungulia video iliyozunguka kwenye simu za mji mzima. Umati kwenye njia ya kwenda Kazimia. Kijana anayesingiziwa wizi wa injini ya mtumbwi. Mawe. Mwishoni kijana ananyoosha mkono, anaomba maji, na watu wanacheka.

Hakuwaambia kwamba kijana yule, Néhémie, alikuwa mdogo wake, wala kwamba mwili wake ulitupwa ziwani na haukupatikana.

"Eeh, huyu hata kukimbia hajui!" Roger, mmoja wa vijana, akapaza sauti. "Rudisha, yaya Arlette, pale anaomba maji!"

Wakaangua kicheko. Arlette akarudisha, tena na tena. Alizihitaji zile nyuso.

Nyumbani, mama yake, Mama Suzanne, alikuwa ameketi mlangoni. Katika ukoo wao, aliyekufa njiani huwekewa maji kizingitini mpaka azikwe. Néhémie hakuwa na kaburi, kwa hiyo kikombe chake cha bluu, chenye pengo ukingoni, hakikuondolewa. Leo kilikuwa kikavu.

"Leo mulimufungua," mama akasema polepole.

"Nani amekuambia?"

"Alikuja. Alikunywa, akaomba tena. Kila mukimufungua, banamuua upya, anakimbilia huku na kiu. Mutoto wangu amechoka, Arlette."

Mvua ilikuwa haijanyesha kwa muda mrefu. Hata hivyo, kwenye saruji palikuwa na unyayo wa maji, vidole vikielekea ndani.

"Ufute," mama akanong'ona.

"Bila ile video, mama, filme yangu haina kitu."

"Na mi niko na nini?"

Arlette alichota maji. Alijaza kikombe, akaingia chumbani, akawasha kompyuta. Angeifuta. Lakini kwanza alitaka kumuaga mdogo wake, kumwona mara ya mwisho tu. Hapo ndipo alipokosea.

Akafungua.

Umati. Mawe. Mkono ukanyooka.

Haukuwa mtupu.

Néhémie alishika kikombe cha bluu, chenye pengo ukingoni. Akanywa taratibu, kama mtu aliyefika kwao. Kisha jiwe likaja.

"Arlette!" mama akaita kutoka nje. "Kikombe iko wapi?"

Arlette alifuta kila kitu, akaacha kutengeneza filamu yake. Lakini hakuweza kuifuta video kwenye simu za watu. Juma lile Roger alikuja mlangoni kumtafuta Arlette, bila mzaha, akamnyooshea Mama Suzanne simu yake. Video ilikuwa imesimamishwa pale mkono unaponyooka.

"Mama, hii kikombe haikukuwa humu."

Mama Suzanne hakutazama. Alimwomba tu aizime. Kisha akaleta kikombe kingine, akakijaza, akakiweka kizingitini.

Kile cha bluu hakijaonekana nyumbani kwao hadi leo.