Kurasa Zilizoshikana

Solène Kerdraon alikuwa akifunga kifurushi cha tatu kwenye kaunta ya posta, Paris, kamba ilipokatika na vitabu vikamwagika miguuni pa watu. Mwanamume mrefu mwenye koti la kijivu na skafu nyekundu aliinama kumwokotea.

"Umeviandika vyote hivi?"

"Mimi nachapisha tu. Wanaoandika ndio wanaonitia wazimu."

Aliitwa Lucien Fabrègue, daktari wa meno. Kufikia majira ya baridi walikuwa wakipigiana simu kila asubuhi, kabla kahawa haijapoa. Solène alimpa kitabu cha kwanza cha kampuni yake, riwaya iliyokataliwa kila mahali, ambayo yeye aliiamini hata akaacha kazi ya mshahara ili aitoe. Lucien alipomposa, Solène alimwahidi jibu Jumapili.

Jumapili hiyo, nyumbani kwa Lucien, mwenyewe akiwa jikoni akichoma kuku, Solène alikiona kile kitabu rafuni. Kurasa zilikuwa zimeshikana kingoni vilevile kama zilivyotoka kiwandani, hazijapitiwa na kisu ambacho msomaji wa vitabu vya namna hiyo huzitenganishia. Alivaa kofia yake ya bluu akaondoka bila kuaga.

Kesho yake simu ililia, akaiacha ilie. Alasiri Lucien akaja mwenyewe ofisini, kitabu kwapani, akamkuta akisahihisha prufu, kurasa za majaribio za kitabu kipya.

"Miezi yote hii, Lucien. Ungeniambia tu hukipendi."

"Niliogopa. Umeacha kazi kwa ajili yake. Nikikisoma nisikielewe, nitakutazama vipi? Mimi najua meno, Solène."

Solène alikuwa amejiandaa kukuta dharau. Hofu hakuitegemea, akaweka kalamu chini.

"Sura ya kwanza niliirudia mara tatu," alisema. "Nikamuuliza mwandishi maana yake. Akasema hata yeye hana hakika."

Lucien alicheka mpaka akakaa chini. Solène akamsogezea kisu cha karatasi. Alikata polepole, kama anayegusa jino la mtoto, akasoma kwa sauti. Walibishana juu ya mke aliyemkimbia mumewe: Lucien akamtetea, Solène akakataa katakata.

Taa za barabarani ziliwaka wakiwa sura ya pili. Lucien akauliza, kwa sauti ndogo, kama lile jibu bado lipo.

"Lipo. Nakubali, mpenzi." Akamshika mkono uliokuwa na kisu. "Lakini usikate zaidi. Umechoka, unaanza kuchana kurasa. Tutaendelea kesho."

Prufu zake zilibaki mezani, nusu bila kusahihishwa.