Vitabu vya Mate

Janeth alishuka kwenye bodaboda mbele ya nyumba ya Mwalimu Mdoe, pale Kerenge, amelibeba boksi la vitabu kwa mikono iliyonyooshwa mbele, kama mtu aliyebeba mtoto wa mwenzake aliyejisaidia. Mikono yenyewe alikuwa ameivisha mifuko ya plastiki mpaka kwenye viwiko.

Mwaija, mke wa mwalimu, alimpokea barazani. "Karibu dada. Mbona mikono umeifunga hivyo? Umeumia?"

"Hapana. Vumbi tu." Janeth alilitua boksi, akavua mifuko, akaitupia mbali kwenye majani. "Ni vitabu vya marehemu baba. Mwalimu alituomba tangu msibani. Sisi kule Korogwe ya Zamani hatuna wa kuvisoma."

Maji alikataa, kiti alikataa. Pikipiki ilikuwa bado inaunguruma akapanda akaondoka.

Baba yake Janeth, Mwalimu Valerian, alikuwa amefundisha hisabati maisha yake yote, na watu walisema hakuna mlinganyo uliowahi kumshinda. Mdoe alikuwa mwanafunzi wake. Alikuwa amefika mpaka chuo kikuu, lakini huko somo la nadharia ya milinganyo lilimvua nguo mbele ya wenzake. Alilirudia, akapenya kama uzi kwenye tundu la sindano. Tangu hapo aliwafundisha watoto wa watu kutafuta x, huku moyoni akijua kuna mahali x ilimkimbia. Kwa hiyo jioni ile alikaa chini mbele ya boksi kama mtu aliyeletewa pilau. Kulikuwa na vitabu vinene vya milinganyo, na vingine vya grafu, vyenye mihimili miwili inayokatana na mikunjo inayopanda na kushuka kila ukurasa.

"Sasa nitaelewa, mke wangu," alisema, akafunua cha juu.

Kurasa zilikuwa zimegandana. Zilipoachana zilitoa sauti ya kitu kibichi, na kati yake ukavutika uzi mwembamba wa ute, ukarefuka, ukakatika. Harufu ikapanda: maziwa yaliyochacha, na chini yake pumzi ya mgonjwa ambaye hajapiga mswaki wiki nzima. Mwaija aliwahi uani, akatapika.

Mimba yake ya kwanza ilikuwa imeanza kuonekana, na hilo ndilo lililomponza. Alipomweleza jirani yake, Bi Maryamu, yule mama alicheka mpaka khanga ikamlegea. "Mimba hiyo, mwanangu! Mimi ya kwanza nilimchukia mume wangu mpaka kivuli chake. Vitabu vina kosa gani?"

Mwaija akarudi nyumbani kwake. Lakini macho hakuyafumba. Mdoe alikuwa na tabia, kama watu wengi, ya kulamba kidole kila anapofunua ukurasa. Sasa alilamba hata asipofunua. Kidole kilitoka mdomoni kikivuta ute mweusi kwa wino, kikapita juu ya ukurasa, kikarudi mdomoni. Ugali aliusogeza pembeni. Siku moja Mwaija alimkuta ameinamia meza, kona ya ukurasa imo mdomoni, anainyonya taratibu kama ndama.

"Mwalimu, unafanya nini?"

Alishtuka, akafuta kidevu. Macho yake yalikuwa yanang'aa kwa furaha. "Mwaija, yanakuja. Majibu yanakuja yenyewe. Mlinganyo ulionitesa chuoni nimeufungua leo kwa mistari michache."

Mwaija angetamani kufurahi naye. Aliona tu ulimi wake, mweusi, umekuwa mrefu kuliko alivyoujua.

Kisha ikaja ile adhuhuri. Mdoe alikuwa shuleni, jua limesimama utosini, na Mwaija alikuwa barazani akipukuchua mahindi, aliposikia ndani ya nyumba sauti ya mbwa anayekunywa maji. Aliita, hakujibiwa. Akachukua mwiko, akaingia akinyata, akapita sebuleni, na kadiri alivyousogelea mlango wa chumba cha vitabu ndivyo sauti ilivyozidi kuwa nzito na yenye uroho, lap, lap, lap, na harufu ikamvaa usoni kama kitambaa kilicholowa, na aliposukuma mlango hakuona mbwa wala mtu, ila kitabu kimoja kimelala wazi mezani, kurasa zake zimevimba na kulegea kama nyama ya shavu kwa ndani, zinapanda na kushuka, upande wa kulia unaulamba upande wa kushoto, na mate yanachuruzika kutoka kwenye grafu, yanafuata mguu wa meza, yanatengeneza kidimbwi sakafuni ambamo nzi walikuwa wamezama na bado wanachezesha miguu.

Sauti ikakoma ghafla, kama mlaji aliyeona mgeni.

Mwaija alitoka kinyumenyume. Mumewe aliporudi alimwambia yote kwa kunong'ona, na Mdoe akampapasa bega. "Mimba hiyo," alisema. Mkono wake uliacha alama ya unyevu kwenye blauzi.

Alasiri ya siku iliyofuata usingizi ulimchukua Mwaija juu ya mkeka. Aliamshwa na ubaridi tumboni. Mdoe alikuwa amepiga magoti kando yake, khanga ameifunua. Alilamba kidole, akachora mstari kutoka kifuani kushuka chini. Akalamba tena, akachora mwingine wa kukata, kutoka ubavu mmoja mpaka wa pili. Mistari ilikutana kitovuni.

"Hapa ndipo sifuri," alisema. Sauti haikuwa yake. Ilikuwa inabwabwaja, kama mtu anayesema akiwa na maji kooni. "Na humu mna kisichojulikana. Nitajua kiko wapi. Nikishajua kiko wapi, nitakifikia."

Mwaija hakupiga kelele. Alihisi mtoto akijikunja ndani, kama aliyesogea kujificha. "Mwalimu," alinong'ona, "ni wewe?"

Kile kilichokuwa mumewe kilimeza mate, kikatabasamu, kikarudi chumbani.

Mwaija alijisugua kwa sabuni, akajisugua kwa majivu mpaka ngozi ikachubuka. Mistari haikutoka. Alikwenda kwa Bi Maryamu bila viatu, akafunua tumbo bila salamu. Yule mama aliinama, akanusa, akajiziba mdomo. Safari hii hakucheka.

"Hii siyo mimba," alisema kwa sauti ndogo. "Ngoja nimpigie Afisa."

Afisa alikuwa mganga wa Kwamsisi. Jina tu, hakuwa na ofisi yoyote. Alifika kesho yake asubuhi kwa pikipiki, amebeba ubani na kiroba cha chumvi ya mawe. Pale mlangoni alisita, akatema chini, akasema, "Astaghfirullah. Hiki kimelishwa siku nyingi."

Walimkuta Mdoe amekumbatia vitabu, mashavu yamevimba. Vijana wawili wa Bi Maryamu walimshika mikono. Afisa alifukiza ubani, akasoma, kisha akauliza, "Wewe nani?"

"Sina jina," koo la Mdoe likabwabwaja. "Sina mahali. Mzee wa Korogwe alinipa mate, nikampa majibu. Huyu naye kanipa. Sasa nataka mahali pa kukaa. Nimeshapapima." Macho yakageukia tumbo la Mwaija.

"Hapo pana mwenyewe," Afisa alijibu. "Mama, mwaga chumvi."

Mwaija ndiye aliyemwaga. Alifumbata chumvi viganja viwili, akaimimina juu ya vitabu vilivyofunuka, na vitabu vikajikunja kama konokono asiye na gamba, vikatoa povu la kijivu, vikalia kilio chembamba kilichomwingia mpaka kwenye meno. Mdoe alipinda mgongo. Afisa akamtia chumvi ulimini, akambana kidevu, na ndipo tumbo lake likaanza kusukuma, na kikatoka kwanza kipande cha karatasi iliyotafunwa, kisha bonge, kisha kitu kirefu, laini, kisicho na macho, chenye vinyweleo vya mvi kama ulimi wa ng'ombe mzee, kikaanguka sakafuni na kuanza kujivuta kuelekea miguu ya Mwaija, kikipapasa kushoto na kulia, kikitafuta.

Mwaija alikimiminia chumvi yote iliyobaki. Kikanywea, kikawa ngozi.

Walivichoma vyote shambani. Moshi ulinuka mdomo. Mistari ya tumboni ilififia, na kufikia magharibi ilikuwa imekwisha kabisa.

Mdoe alilala siku nzima, akaamka akiomba uji. Alipomaliza alisema, bila kumtazama mkewe, "Nilijua, Mwaija. Tangu siku ya kwanza. Nikiweka kidole kwenye ukurasa, kuna kitu kilikuwa kinanilamba. Lakini majibu yalikuwa yanakuja."

Mwaija alichukua bakuli, akaenda kulisuuza mara nyingi. Tangu siku ile hakunywa tena kwenye kikombe cha mumewe. Alimpikia, alimfulia, alizungumza naye vizuri. Lakini Mdoe akisogeza uso, shingo ya Mwaija iligeuka yenyewe. Mdoe aliliona hilo, akatandika kitanda chake chumba cha pili bila kuambiwa. Alirudi kufundisha. Shuleni walisema amekuwa mwalimu mpole, asiyeona haya kumwambia mwanafunzi kwamba hajui.

Mtoto alizaliwa salama, wa kike, mwenye sauti. Mdoe alikuja hospitali amevaa kanzu iliyopigwa pasi. Alisimama mbali na kitanda.

"Nimwadhinie?" aliuliza. "Au nimwite baba yako?"

Mwaija aliutazama mdomo ule. Bi Maryamu, aliyekaa kando, alitazama sakafu. Mwisho Mwaija akanyoosha mikono, akampa mtoto.

Mdoe aliinamisha midomo kwenye sikio dogo la kulia. Akaanza, sauti ikatetemeka, ikatulia, na akaifikisha adhana mpaka mwisho bila kukosea neno, machozi yakimshuka. Kisha akamrudisha mtoto kwa mikono miwili.

Mdoe alipogeuka kujifuta macho, Mwaija alichukua ncha ya khanga, akalifuta lile sikio. Lilikuwa kavu. Akalifuta tena.